Oiae Haikuwa Upendo

Juzi, kwenye matanga ya Bibi, mtoto wa Baba Mukubwa alishika mikro ya kipaza sauti akatueleza maana ya neno. Alikuwa amefika kutoka Kindu na miwani nyeusi, na shati lililopigwa pasi kwenye kola na kifuani tu, pale ambapo koti halifuniki. Akakohoa, akaangalia watu kulia, akaangalia watu kushoto, akasema: "Ndugu zangu, nyinyi wote munajua Bibi yetu alikuwa na neno lake. Oiae. Leo ninawapa siri yake. Oiae, maana yake upendo."

Watu wakapiga makofi. Wamama wakafuta macho kwa pembe za vikwembe. Mimi nilikuwa nyuma jikoni, nimeinamia sufuria la mawese mapya, na ile harufu ya mafuta yanapoanza kushika moto ikanipanda puani pamoja na upendo wa ndugu yangu. Nikacheka mpaka mwanamke niliyekuwa napika naye akanipiga mgongoni, akidhani nimepaliwa.

Upendo! Mimi ni mchuuzi wa mawese. Kitu nikikihesabu, nakihesabu mara ya pili, kwa kuwa mara ya kwanza ni ya macho na mara ya pili ndiyo ya akili. Maana za Oiae nimezihesabu hivyo hivyo tangu utotoni, nikarudia, na upendo haukutokea mahali popote. Lakini mtu akiwa na mikro ana haki ya kusema uongo mpaka betri iishe.

Ninyi mliokua bila Bibi wangu, hebu litamkeni neno lenyewe. O, i, a, e. Halina mfupa. Midomo haikutani, meno hayana kazi, ulimi unalala tu kama mbwa kivulini. Bibi alikuwa amebakiwa na meno machache, na wenye kejeli pale sokoni Kasongo walisema ndiyo sababu alilichagua. Hakuna kabila lililokubali kulipokea. Wazimba wa mtaani kwetu walisema ni la Wabangubangu. Wabangubangu wakasema hapana, waulizeni watu wa mtoni, Nyangwe. Mama yangu ni mtu wa Nyangwe, na yeye alisema kwao mtu akitoa sauti kama ile anapewa maji ya kunywa na kupelekwa kivulini. Katekista mmoja alidai huenda ni Kilatini. Huyo tulimwacha na Kilatini chake.

Bibi aliuza samaki wa moshi. Mimi nilikaa nyuma ya meza yake nikifukuza nzi, kazi ambayo haina mwisho wala shukrani. Anakuja mteja, mwanamke mnene mwenye kikapu kitupu, anamwinua samaki kwa mkia, anamgeuza, anamnusa kama vile amezaliwa na pua ya serikali.

"Bibi, huyu samaki iko mudogo."

"Oiae," anasema Bibi, fupi, kama mlango unaofungwa kwa kisigino. Maana yake: na wewe ulizaliwa mdogo, mama yako akakupokea.

Mteja anaenda, anazunguka soko lote, anarudi. "Haya, nipe ule."

"Oiae." Sasa limevutwa kwenye *a*, lina sukari. Maana yake: nilijua, mwanangu, nilijua.

Mtoto akianguka, Oiae. Mvua ikishuka juu ya muhogo ulioanikwa, Oiae, na hapo tulikimbia wote. Mbwa wa jirani alilijua vizuri kuliko katekista: akilisikia kwa sauti ya puani alidondosha alichoiba na kuondoka bila kugeuka. Mtu akifiwa, Bibi alikwenda, akaketi, akalisema mara moja kwa pumzi ndefu isiyo na kilio ndani yake, na mwenye kufiwa akaanza kulia vizuri. Mtu aliyekuja kukopa aliambiwa Oiae akashukuru, akaenda zake, na akifika kona ndipo anagundua mikono mitupu.

Ila kulikuwa na Oiae moja nisiyoipenda. Akija mtu mwenye cheo, hata kile cheo chembamba cha kushika kalamu na kukata tikiti za ushuru wa soko, Bibi aliinamisha kichwa. Shingo ilikwenda chini, mikono ikakaa mapajani, na neno likatoka laini kama ndizi iliyopitiliza. "Bibi, meza yako imeingia njiani." Oiae. "Bibi, mwezi huu mutaongeza." Oiae. "Bibi, huyu samaki mkubwa ninachukua, tutaonana." Oiae, Oiae.

Mimi niliyatazama hayo kutoka nyuma ya meza, nikaamua, kwa akili ya mtoto ambaye magego hayajamaliza kuota, kwamba kumbe neno lote ni hilo. Ni neno la waoga. Mtu asiyethubutu kusema hapana na anayeona haya kusema ndiyo anafungua mdomo na kuacha upepo utoke. Tangu hapo nilimdharau Bibi, kimya kimya. Nikamuhurumia pia, lakini kidogo.

Kisha Baba akafa. Homa ilianza kama mzaha, akasema nitalala kidogo, na hakuamka mtu yule yule. Aliacha nyumba ya matofali ya kuchoma aliyoijenga kwa mikono yake, na nyuma yake michikichi iliyokuwa imeanza kuzaa vizuri. Aliacha Mama, na mimi, na wadogo zangu wawili, na Bibi, mama yake mzazi, ambaye aliishi nasi katika chumba cha upande wa jikoni.

Ndugu yake mkubwa, Baba Mukubwa Ramazani, alikaa Kabambare. Wakati Baba anaumwa, barabara ilikuwa mbaya sana, hakuweza kufika. Siku ya mazishi barabara ikapona. Alifika, akalia kwa sauti ambayo hata wafiwa waliisimamishia kilio chao ili waisikie, akala, na alipoondoka aliondoka na baiskeli ya marehemu. "Ya ukumbusho," alisema. Kweli, tulimkumbuka kila tulipotembea kwa miguu.

Matanga yalipokwisha akatuma neno kwa mtu wa pikipiki: anakuja kupanga mambo ya marehemu. Hakuna mtu wa kwetu asiyejua kupanga huko ni kupanga gani. Mke anafunga mzigo wake na kurudi kwa wazazi. Watoto wanapandishwa nyuma ya pikipiki kwenda kulima shamba la watu na kuitwa watoto wa nyumbani. Nyumba inapata mpangaji. Mama alijua. Wiki ile yote alifagia uwanja asubuhi, halafu akaufagia tena, kama vile nyumba itanyang'anywa kwa sababu ya uchafu.

Walifika jua likiwa bado la asubuhi, watatu kwenye pikipiki moja: mwendeshaji, Baba Mukubwa, na katikati yao, amebanwa kama barua, Mzee Assani wa kule Wamaza. Mzee Assani alikuwa mkubwa wa ukoo. Jambo la mirathi haliwezi kuisha bila yeye kukaa na kuona, na kwa sababu hiyo alikuwa amezunguka vijiji vingi kukaa na kuona, na kula. Siku hiyo alishuka ameshika shavu.

"Hodi hapa!"

"Karibuni, karibuni," Bibi akasema, akatoa viti.

Baba Mukubwa hakukaa. Aliingia ndani akaanza kugonga kuta kwa vidole, kama mtu anayechagua nanasi.

"Haya matofali iko mazuri."

"Oiae," akasema Bibi.

"Hiki chumba cha mbele tutatia mupangaji. Mutu wa kazi, si mutu wa fujo."

"Oiae."

"Michikichi, nitaweka kijana wa kukata. Watoto nitaenda nao. Kule Kabambare hawatakosa kitu. Huyu mukubwa iko na mikono ya jembe." Mikono hiyo ilikuwa yangu. Niliificha nyuma.

"Oiae."

"Na Mama Feza, hatumufukuze. Hapana! Sisi si wanyama. Anarudi kwao Nyangwe, anapumzika."

"Oiae," akasema Bibi, na shingo ile ikaenda chini, na mikono ikakaa mapajani. Ile ile ya mtu wa tikiti.

Nilikuwa nimesimama mlangoni, nikasikia kule jikoni mchi wa Mama unasimama ndani ya kinu. Majani ya muhogo ya sombe yalikuwa hayajapondeka hata nusu. Sikuwahi kuchukia neno kama nilivyolichukia lile. Nilitamani lingekuwa na mfupa ili limkwame Bibi kooni.

Na kama hilo halikutosha, Bibi akaniita. "Feza. Kamata ile kuku nyekundu."

"Bibi, ile ya Mama?"

"Kuna nyekundu ngapi? Kamata. Peleka kwa jirani yetu Muislamu achinje. Baba yako mukubwa aliingia dini ya mke wake. Asipate cha kusema."

Kuku yule alikuwa wa Mama kabisa, alirudi naye akiwa kifaranga kutoka Nyangwe ndani ya kofia. Nilimkimbiza uwanja mzima nikilia kwa hasira, na Baba Mukubwa, amesimama kwenye mlango wa marehemu, ananielekeza kwa kidole: "Kule! Kule nyuma ya pipa! Huyu mutoto hajui kukamata!" Jirani alichinja bila kuniuliza kitu. Niliporudi na kuku anayedondosha damu, Bibi alikuwa jikoni anasema na Mama kwa sauti ya chini.

"Wewe ndiye unapika. Kwa chungu chako, juu ya mafiga yako. Mie sitatia hata chumvi."

Tazama uvivu, nikajiambia. Anawalisha wezi, na hata kuni hataki kusukuma.

Mama alipika kama mtu aliyeambiwa hii ndiyo mara ya mwisho, na labda ndivyo alivyodhani. Mawese, nyanya, kitunguu, pilipili moja nzima iliyoelea juu. Harufu ilitoka jikoni, ikapita uwanjani, ikaingia sebuleni bila kubisha hodi. Baba Mukubwa alikuwa anamweleza Mzee Assani habari za mpangaji. Sentensi zake zikaanza kufupika. Kisha zikaisha, akabaki anatazama mlango.

Bakuli likaletwa, na firigisi imewekwa juu kabisa, peke yake, inang'aa. Kwetu firigisi hailiwi na mwanamke wala mtoto. Baba yangu ndiye aliyeila, na tangu azikwe hatukuchinja kuku, kwa hiyo hatukujua itakaa wapi.

Mimi nilikuwa mwenye maji ya kunawa. Nilisimama mbele ya Baba Mukubwa na birika, na mkono wangu ukakataa kuinama.

"Mwaga, mutoto."

Sikumwaga.

"Feza," Bibi akasema. Hakusema kwa ukali. Lakini alinitazama, na machoni mwake kulikuwa na kitu ambacho sikukijua, kama mtu aliyebeba mtungi uliojaa na anaona mtoto anakatiza njia. Nikamwaga. Nilimwaga mengi, nikamlowesha mpaka kwenye kiwiko, angalau nipate hicho.

"Huyu hana adabu," akasema Baba Mukubwa, akikung'uta mkono. "Kwangu atanyooka." Halafu akaiona firigisi, akasahau adabu yangu. Akaiokota kwa vidole viwili, akaiinua juu kidogo ili sote tuione. "Kumbe kwa hii nyumba mumejua sasa mwanaume iko nani."

"Oiae," akasema Bibi.

Akaitafuna macho yamefungwa.

Mzee Assani alisukuma sahani yake pembeni. "Mie jino. Tangu Wamaza linapiga ngoma. Nipeni maji ya moto na chumvi." Watu wa leo wanaposimulia habari hii, maana ilisimuliwa sana, wanasema mzee alikataa kula kwa hekima. Nilikuwepo. Alikataa kwa jino. Lingekuwa zima angegombania paja.

Baba Mukubwa alikula. Sitaki kusema alikula namna gani, kuna watu wanasoma haya karibu na chakula. Vipande nilivihesabu vikiingia na mifupa nikaihesabu ikitoka, na hesabu hazikulingana, kwa sababu mingine aliimeza. Alipokwisha akaegemea ukuta, akafungua kifungo cha suruali, na moyo ukamjaa wema.

"Nani amepika?"

"Mama Feza," akasema Bibi.

"Anajua!" Akapaza sauti kuelekea jikoni. "Asante kwa chakula, Mama Feza!"

"Karibu, shemeji," Mama akajibu kutoka kwenye moshi.

Hapo Mzee Assani akatoa mkono shavuni.

Bibi akasimama. Alifungua kikwembe chake, akakifunga upya kiunoni, akakaza. Kichwa kilikuwa juu. Sikuwahi kujua kwamba Bibi alikuwa mrefu.

"Ramazani. Umekula?"

"Nimekula, mama."

"Umeshiba?"

"Nimeshiba, asante."

"Umekula kwa jiko ya nani?"

Baba Mukubwa akageuka kutazama mlango wa jikoni.

"Mzee Assani," Bibi akaendelea, "wewe uliletwa hapa ukae na uone. Umeona nini?"

Mzee alisema polepole, kwa upande mmoja wa mdomo. "Nimeona mutu amekuja kudai nyumba. Nimeona ananawa. Nimeona anakula kwa chungu cha mujane. Ametoa asante, na ameitikiwa karibu."

"Kwa wazee wetu, mutu wa kudai anafanya nini?"

"Anakaa na njaa yake mpaka neno liishe. Maji hanywi, mukono hanawi. Akila, amekubali kwamba jiko iko na mwenyewe. Yeye amekuwa mugeni."

"Na mugeni anadai nyumba?"

"Hapana. Mugeni anaaga."

Ilikuwa sheria ya zamani, ya wale waliozeeka wakati Bibi akiwa msichana, na watoto kama mimi hatukuwahi kuisikia. Lakini Baba Mukubwa aliijua. Niliona usoni kwamba aliijua, na kwamba ilimrudia sasa tu, ikitembea polepole, imechelewa kama yeye alivyochelewa kumuuguza ndugu yake.

"Hii iko mambo ya kizamani!" akapiga kelele. "Mie niko Muislamu!"

"Ndiyo maana nilimuita jirani achinje."

"Lakini ile firigisi ulinipa wewe mwenyewe!"

"Sikukupa. Iliwekwa juu. Mukono ulikuwa wako."

"Mama!" Sasa sauti ilipasuka, ikawa ya mtoto. "Mama, mie si mutoto wako?"

"Mutoto wangu," akasema Bibi. "Na hawa watatu, baba yao alikuwa mutoto wa nani?"

Mama alikuwa amefika mlangoni na mwiko mkononi, mawese yanadondoka sakafuni, na hakuna aliyemwambia aangalie. Mimi nilisimama na birika tupu nikimtazama yule mwanamke. Hakuwa amesema Oiae hata mara moja tangu asimame. Maneno yalikuwa yametoka kinywani mwake moja moja, na mifupa yake yote, na niliyaogopa. Yale mengine yote, shingo ile na mikono ile mapajani, yalikuwa ni kitambaa anachofunika mchuuzi juu ya beseni: mteja aendelee kusema, aendelee kujisifu, mpaka mkono wake wenyewe uingie ndani. Nimejifunza biashara kwa watu wengi baada ya hapo. Hakuna aliyenifundisha zaidi.

Baba Mukubwa alitafuta viatu vyake. Pikipiki ilikataa kuwaka, akabaki amekaa juu yake huku mwendeshaji akipiga kiki na jasho linamtoka, na watoto wa mtaa mzima wamejipanga kutazama. Mimi na wadogo zangu ndio tuliosukuma. Hatujawahi kusukuma kitu kwa moyo mmoja namna ile. Mzee Assani hakupanda. "Mie nitalala hapa," alisema. "Hili jino halitaki mashimo." Mama akamtandikia mkeka, akampa mafuta ya karafuu, na tangu hapo hakuna mtu wa ukoo aliyetia mguu kwenye nyumba ile na neno la kupanga. Mimi bado nakaa ndani yake. Michikichi ile ile ndiyo inayonilisha.

Mama alisubiri mpaka vumbi likakaa chini. Kisha akauliza, kwa sauti ndogo, kama anayeogopa kuliamsha jambo lililokwisha:

"Mama, na kama angekataa kula?"

"Nani? Ramazani?" Bibi akacheka kwa pua. "Nilimuzaa mie. Nilimunyonyesha mpaka mudogo wake alipokuja akakuta matiti yamekauka. Ile tumbo ninaijua."

Mama akacheka, na mimi nikacheka, mara ya kwanza tangu Baba azikwe. Tulipoacha kucheka Bibi hakuwepo. Alikuwa amekwenda barabarani, amesimama akitazama upande wa Kabambare, ambako hakukuwa na kitu cha kutazama tena, hata mlio wa pikipiki ulikuwa umekwisha. Baba Mukubwa hakurudi kwetu. Aliishi miaka mingi baadaye, akatuma salamu kwa watu wengine, na mama yake hakumwona tena mpaka walipokufa wote wawili, mwana kwanza.

Lakini hayo hatukuyajua siku ile, isipokuwa labda mmoja wetu. Jua lilikuwa kali. Mama akanituma nimpelekee Bibi kiti. Nilikibeba mpaka kando ya barabara, nikakiweka nyuma yake, nikamwambia kaa, Bibi. Akakitazama, akaweka mkono juu ya egemeo lake, hakukaa, akaendelea kuitazama njia aliyopita mwanawe.